Mkubwa Ndiye Hupanda Kwanza

Picha yangu ya mahafali ilining'inia ukutani kwa mama, kule nyumbani Rangwe, kwa zaidi ya miaka ishirini. Nimevaa joho jeusi na kofia bapa, na nimekunja uso kama mtu aliyeulizwa swali la kipumbavu. Mgeni aliyeingia sebuleni aliiona kabla hajaona kiti. Halafu ndugu yangu mdogo akastaafu jeshini akarudi nyumbani, na siku moja nilipokwenda kumsalimia mama nikaikuta picha yake imekaa mahali pa yangu, amevaa bereti ya buluu ya walinda amani, anacheka meno yote nje. Yangu ilikuwa imehamishiwa karibu na mlango, nusu yake imezibwa na kalenda ya duka la mbolea. Nikangoja mama aende jikoni, nikazibadilisha. Nilipokwenda tena zilikuwa zimerudi kama alivyoziweka. Mimi na mama hatukuambiana neno juu ya jambo hilo, lakini tulilifanya mara nne.

Nayasema haya mapema ili msomaji ajue anasoma maneno ya mtu wa namna gani. Nina wivu. Watu husema wivu ni kidonda, ukishiriki utakonda. Mimi sikukonda. Nilikula vizuri, nililala vizuri, na kila asubuhi niliamka nikaukuta wivu wangu umeamka kabla yangu.

Sisi tulizaliwa wavulana wawili tu. Mimi ndiye mkubwa. Nafundisha historia katika shule moja ya sekondari mjini Migori, na huko ndiko ninakoishi na mke wangu. Baba alifariki zamani. Alituachia dala, yaani boma letu, lenye nyumba ya mama katikati, kiwanja changu upande mmoja wa lango na cha ndugu yangu upande wa pili. Mama amezeeka sasa, na kwa miaka mingi amekuwa akiomba kitu kimoja tu. Aliomba mezani, aliomba kanisani, aliomba hata kwenye simu kabla ya kuuliza hali. Alitaka afe akiwa ameacha dala ambalo hakuna mlango wake uliofungwa kwa kufuli. Ametembelea maboma mengi yaliyokufa hivyo, mmoja kahama, mwingine kahama, magugu yakapanda mpaka dirishani. Na jukumu la kumpa mama kitu hicho lilikuwa langu, kwa sababu mimi ndiye mkubwa. Mkubwa ni jaa, kila takataka humwangukia. Hilo sikulipinga. Nilichotaka ni kwamba jaa nalo liheshimiwe.

Ndugu yangu hakuwa mtu wa masomo. Alifeli, akarudia, akafeli kwa namna mpya, kisha akaenda kuandikishwa jeshini, akachukuliwa kwa sababu ya mbio zake. Jeshi lilimpa vitu vingi, na kimoja kilichoniuma ni Kiswahili. Sisi huku Kiswahili chetu ni cha sokoni na cha kuongea na wageni. Nyumbani ni Kijaluo, na mimi darasani ni Kiingereza. Yeye alirudi anaongea Kiswahili cha kambini, kimenyooka, kina mizaha ndani yake. Akisimama na wafanyabiashara Waislamu pale Homa Bay utadhani amezaliwa nao. Huenda ndiyo sababu naandika kwa Kiswahili leo. Sitaki aniache nyuma hata hapa.

Kingine kilichoniuma ni mabati. Kwetu mdogo hawezi kujenga kabla ya mkubwa. Yeye alipotaka kujenga nyumba yake ya matofali, nyumba yangu ilikuwa bado ni maneno. Hakunisukuma. Alipiga simu akasema, "Japuonj, nimepata mabati ya ziada, naomba tuezeke yako kwanza." Japuonj ni mwalimu, na ndivyo alivyoniita tangu nipate kazi, kwa heshima. Hapakuwa na mabati ya ziada. Kila mtu alijua hivyo. Nyumba yangu ikajengwa, ya udongo, ndogo, na kila ninapolala Rangwe wakati wa matanga au Krismasi nalala chini ya mabati ya mdogo wangu, nikisikiliza mvua ikiyagonga.

Sasa nieleze habari ya Sudan.

Katika masomo yote ninayofundisha, moja nililipenda kuliko mengine, nalo ni kuvunjika kwa Sudan. Wazee wetu husema tulitoka huko, tukafuata mto tukishuka kusini mpaka ziwani, kwa hiyo nililifundisha kama mtu anayesimulia ugomvi wa wajomba zake. Nilikuwa na sababu tano, niliziandika ubaoni mwaka baada ya mwaka kwa mpangilio uleule. Ya kwanza, mtawala aliyetia sahihi mkataba wa amani na watu wa kusini ndiye huyohuyo aliyekuja kuuvunja kwa mkono wake. Ya pili, viongozi wa mji mkuu walitaka kulazimisha dini moja na sheria moja kwa watu wasiofanana. Ya tatu, wakubwa wa jeshi walitoa amri vikosi vya kusini vihamishiwe kaskazini, mbali na jamaa zao, na askari wakakataa. Ya nne, ofisa aliyetumwa kuuzima uasi huo alibaki na waasi akawa kiongozi wao. Ya tano, kila serikali iliyokuja baadaye, ya kura au ya bunduki, iliogopa kuwa ya kwanza kulegeza. Halafu nilimalizia kwa kusikitika kidogo: wakapiga kura, wakatengana, wakasherehekea, na taifa jipya halikumaliza hata miaka mitatu kabla wakubwa wake nao hawajageukiana. Wanafunzi waliandika. Alama kumi, kila sababu mbili.

Ndugu yangu alikuwa amekaa huko, katika kikosi cha kulinda amani. Mwalimu mkuu wetu alimsikia akiongea kwenye harusi moja mjini Migori, akaja kwangu anacheka. "Mwalimu, una hazina nyumbani na unatuficha!" Akamwalika aje aongee na Kidato cha Nne. Hakuniuliza mimi ninayelifundisha darasa hilo. Nilitabasamu nikasema ni jambo zuri sana.

Alikuja na shati jeupe lililopigwa pasi mpaka likakaribia kukata mtu. Hakusimama kwenye ubao. Alikaa juu ya dawati la mbele, jambo ambalo mimi humfukuzia mtu darasani, akaanza kuongea kama anayeongea na watu wa rika lake.

"Mimi sijui sababu tano," alisema. "Hizo mtapewa na Mwalimu, yeye ndiye amesoma. Mimi niliona moja tu. Tulikuwa mahali pana mto na soko. Upande huu kambi ya kamanda mmoja, upande ule kambi ya mwingine. Serikali ni moja, bendera ni moja. Hao wawili walisoma shule moja, wakakaa msituni pamoja miaka yote ya kupigania uhuru. Sasa huko mji mkuu rais na makamu wake wamekosana. Hawa wawili bado hawajakosana. Mkubwa wetu akawaambia, kaeni chini mnywe chai, mkubaliane hapa kwenu hakuna risasi. Wote wawili wakasema sawa. Kila mmoja akasema sawa, lakini yeye ndiye aje kwangu."

"Kwa nini?" msichana mmoja akauliza.

"Kwa sababu anayekwenda ndiye mdogo."

Darasa lilinyamaza kwa namna ambayo halijawahi kuninyamazia mimi.

"Siku kumi na moja," akaendelea. "Sisi ndio tunabeba maneno, twende huku, turudi huku. Huyu akachinja mbuzi akangoja mgeni. Yule akasikia, naye akachinja wake akangoja. Akina mama wa soko kila asubuhi wanatuuliza, je, ameenda? Siku ya kumi na mbili mtu akafyatua risasi, na mpaka leo hakuna anayejua ni nani. Ikifika jioni, soko limeungua lote."

"Afande, si mmoja angejishusha tu aende? Ni chai tu!" mvulana wa nyuma akasema.

"Hata mimi niliwaambia hivyo."

"Na mbuzi je?"

"Nyama ililiwa na mbwa wa kambi zote mbili."

Walicheka, kisha wakaacha kucheka. Kengele ilipolia hakuna aliyesimama. Mimi ndiye niliyesimama. Nilikwenda ubaoni nikasema hiyo ni hadithi nzuri, lakini kwenye mtihani hakuna atakayepewa alama kwa kuandika habari za mbuzi. Mvulana yuleyule akaniuliza, "Mwalimu, na mbona wewe hukuwahi kutushow hiyo?" Miaka yangu yote na chaki, na nilichokuwa nacho cha kumjibu ni kwamba kipindi kimekwisha.

Jumapili iliyofuata tulikutana Rangwe kwa mama, tukala samaki na kuon, yaani ugali. Nilianzisha ubishi makusudi. Nilisema nchi huvunjwa na wanajeshi. Nikazitaja serikali zilizopinduliwa huko Sudan moja baada ya nyingine, na kila jenerali akiahidi kuokoa taifa, na kila mmoja akiliacha dogo kuliko alivyolikuta. Ndugu yangu alisikiliza mpaka nikamaliza. Kisha akasema wanajeshi ni kweli wana makosa yao, lakini ile amri ya kuhamisha vikosi iliandikwa na mtu aliyekaa ofisini, asiyejua kwamba askari ana mke na ng'ombe na kaburi la baba yake pale anapolala.

"Na yule ofisa?" nikasema. "Ametumwa kuzima uasi, akauongoza."

"Japuonj, ukitumwa kuwasha moto nyumbani kwenu, utauwasha?"

"Alitumwa kuzima, si kuwasha."

"Kwa wale wa pale ilikuwa ni kitu kimoja," akasema kwa upole.

Upole wake ndio uliokuwa ukinimaliza. Angenipigia kelele ningemshinda, maana kelele nazijua, ndiyo kazi yangu. Mama alikuwa akichambua mwiba kwenye samaki. Akauliza, bila kuinua macho, "Hao wakubwa hawakuwa na mama wa kuwaita?" Sote tulicheka. Halafu akamwongezea ndugu yangu kichwa cha samaki, na mimi nikaona.

Hayo yalikuwa ya mwaka jana. Mwaka huu ndio ninaotaka kuusimulia.

Kwetu kupanda kuna utaratibu. Baba akiwa hayupo, mama hupanda kwanza. Mama akishapanda, mtoto mkubwa hupanda. Mkubwa akishatia mbegu ardhini, hata mistari michache tu, anayemfuata anaingia shambani mwake. Kuruka utaratibu huo ni kujitafutia chira, laana inayomkausha mtu huku anakula. Mama ni Msabato wa kweli, chira haitaji, anasema ni mambo ya gizani. Lakini sijawahi kumwona akimruhusu mdogo apande kabla ya mkubwa. Ndugu yangu naye, na safari zake zote na ndege zake za jeshi, hakuwahi kunitangulia hata kwa punje moja.

Mvua ya masika iliposhika alinipigia simu. Mama alikuwa amepanda kipande chake siku iliyotangulia. Yeye alikuwa ameleta trekta na mwenye trekta, Mkuria mmoja kutoka Kegonga, karibu na mpaka wa Tanzania, na mbegu zake zilikuwa tayari kwenye magunia. "Japuonj, tunakungoja wewe tu. Unakuja lini?"

Tunakungoja wewe tu. Nilimwomba arudie, nikajifanya mtandao ni mbaya. Akarudia. Sitasema uongo, nilisikia utamu kooni. Tangu arudi, kila mtu alikuwa akimngoja yeye: kanisani wangoje Afande aseme neno, kwenye matanga wangoje Afande afike. Sasa Afande ananingoja mimi. Nikamwambia nitakuja Jumapili.

Jumapili nikasema nina mitihani ya kusahihisha. Mitihani ilikuwa imesahihishwa tangu Alhamisi, iko kwenye mkoba, imefungwa kwa mpira. Nilikaa sebuleni Migori nikikata kucha, nikiiangalia mvua. Jumapili ya pili nikasema mgongo unauma. Mke wangu alinisikia. Yeye ni wa Kendu Bay, ana duka la nafaka karibu na stendi, na ulimi wake haujui kuzunguka. Alipima mbegu za mahindi akazitia kwenye mkebe, akauweka mezani mbele yangu.

"Mwalimu, kama ni mgongo, nipe ruhusa niende mimi. Mke wa mkubwa akipanda, si mkubwa amepanda?"

"Hapana."

"Basi unangoja nini? Akuje akupigie magoti?"

Nikageukia mvua dirishani. Jibu lilikuwa ndiyo.

Mara ya tatu ndugu yangu hakuuliza lini. Alisema, "Japuonj, sema neno tu tuanze. Utakuja nafasi ikipatikana." Na kweli neno lingetosha. Siku hizi watu wako Mombasa, wako Nairobi, wanasema pandeni, na chakula kinaota. Ilikuwa ni kusema pandeni. Badala yake nikamwuliza, "Tangu lini dala letu likapandwa kwa simu?"

Nilisikia trekta ikinguruma nyuma yake bila kwenda popote.

"Sawa, Japuonj," akasema.

Hakupiga tena. Niliuhesabu ukimya wake kuwa ushindi wangu. Jirani mmoja aliyekuja Migori hospitalini aliniambia mahindi ya watu yanafika magotini, na shamba letu lina kipande kimoja tu cha kijani, cha mama, na kando yake udongo mtupu uliolimwa ukamea magugu. Alinitazama akitaka nieleze. Nikamwuliza habari za ng'ombe wake.

Mambo mengine nilikuja kuyajua baadaye kwa mama. Mwenye trekta alikaa kwao karibu wiki mbili, akila na kulala kwa ndugu yangu, akingoja shamba lifunguliwe. Alikuwa mtu mpole, na ingawa desturi hiyo haikuwa ya kwao, hakuicheka. Ila siku ya kuondoka alisema kwamba jirani yake kule Kegonga anakodisha shamba kubwa, udongo mweusi, na kwao mvua ikinyesha mtu anapanda tu. Hakuna wa kumngoja. Ndugu yangu alikwenda kuliona. Alirudi akamwambia mama habari zake, na mama hakumzuia. Alisema alitaka kumzuia, lakini angemwambia nini? Kwamba akae angoje?

Ilikuwa likizo ya Aprili, saa nane mchana. Nilikuwa nimelala kitandani na gazeti nikasikia lori likisimama langoni kwetu Migori. Nikachungulia dirishani. Juu ya lori kulikuwa na vitanda, makochi, tangi la maji na kabati la mkewe, vyote vimefungwa kwa kamba kwa mafundo ya kijeshi yaliyonyooka. Mkewe alikuwa ameketi mbele na dereva. Ndugu yangu akashuka, akajipangusa vumbi, akalivuta shati lake sawasawa kabla ya kubisha. Kutoka Rangwe kwenda Kegonga lazima upite Migori, lakini si lazima usimame. Alisimama. Yeye ndiye aliyekuja.

"Sema sipo," nikamnong'oneza mke wangu.

"Mimi siwezi kusema uongo mbele ya mtu anayehama," akasema. "Kama unataka kujificha, jifiche mwenyewe." Akatoka akamkaribisha.

Nyumba yetu ya Migori ni ndogo. Kati ya kitanda changu na kochi alilokalia pana mlango mmoja wa mbao nyepesi, na hatua nne. Nilisikia kijiko kikizunguka kwenye kikombe chake.

"Shemeji, Japuonj yuko?"

"Yuko ndani."

Akanyanyua sauti kidogo, si kwa hasira, kwa kunisaidia. "Mwambie nimekuja. Mwambie sina haraka."

Mtu haingii chumba cha kulala cha kaka yake mkubwa. Hata awe ofisa, hata nyumba iwe inaungua, atasimama nje aite. Yeye alijua hivyo na mimi nilijua hivyo. Kwa hiyo ilibaki mimi nitoke. Nilikaa kitandani na kiatu kimoja mguuni na kingine mkononi. Nilijiambia, abishe tu mlango huu, mara moja tu, nitoke. Amekuja mpaka sebuleni, hatua nne zinamshinda nini? Nilikumbuka wale mbuzi. Nisiseme sikukumbuka. Niliwakumbuka vizuri sana, na bado nikasema moyoni, abishe.

Alikaa muda wa kutosha kunywa vikombe viwili na kuuliza hali ya kila mtoto wetu. Dereva akapiga honi. Nikasikia kochi likilia alipoinuka, na kitu cha chuma kikiwekwa juu ya meza.

"Mpe Japuonj ufunguo wa nyumba yangu ya Rangwe. Yeye ndiye mkubwa, atajua la kufanya."

Lori lilipowaka ndipo nilipovaa kiatu cha pili. Nilipofika langoni lilikuwa linakata kona kuelekea barabara ya Kehancha, njia ya Kegonga. Nilisimama hapo nikiwa nimevaa viatu vyote viwili. Na nitakiri jambo ambalo sijamwambia hata mke wangu: nilipoliona lori likipotea, kitu cha kwanza nilichosikia hakikuwa majuto. Nilimwonea wivu hata huko Kegonga. Nilimwonea wivu kwa sababu ndiye aliyeweza kuja.

Mke wangu alikuwa ameketi mezani na ule ufunguo mbele yake, karibu na mkebe wa mbegu ambao haukuwa umeondolewa pale tangu auweke. Hakunisemesha siku mbili.

Siku ya tatu nilikwenda Rangwe. Nilichukua mkebe, jembe na ufunguo. Nilipita kati ya mashamba ya majirani, mahindi yao yameanza kunizidi kiuno, na waliokuwa wakipalilia waliinua migongo wakanisalimu kwa adabu, wote, kwa adabu ambayo mtu humpa mfiwa. Nyumba ya ndugu yangu ilikuwa na kufuli mlangoni, kubwa, ya shaba, mpya. Ua ulikuwa umefagiliwa. Alifagia kabla ya kuondoka, kama walivyofunzwa kambini.

Mama alinipokea vizuri. Aliniita Wuoda, mwanangu, akaniletea maji ya kunawa. Nilipoinua macho ukutani niliona picha yangu imerudi mahali pake, joho, kofia, uso uliokunjwa. Kando ya mlango hapakuwa na kitu, kalenda tu. Mama alikuwa amempa ndugu yangu picha yake, akaenda nayo.

"Umeirudisha," nikasema.

"Uliitaka," akasema mama.

Nikamwonyesha ufunguo. Akautazama bila kuushika. "Kaa nao. Mkubwa ni wewe."

Nilikuwa nimemwandalia maneno njiani. Nilitaka kumwambia nitakwenda Kegonga, nitamwomba arudi, nitapiga magoti mimi. Nilipofungua mdomo nikaishia kusema kwamba nimekuja kupanda. Mama akasema mvua inaisha. Nikasema najua. Akachukua kigoda chake akatoka, akaketi pale anapoketi kila mwaka, mahali anapoweza kuona mashamba yote matatu, ahakikishe utaratibu unafuatwa.

Nilipanda mistari minne. Udongo ulikuwa umeanza kushika, jembe liligonga likarudi, na magugu nilikuwa nikiyang'oa kwa mkono. Nilihesabu punje tatu kila shimo kama baba alivyotufundisha, mimi natangulia na ndugu yangu akinifuata nyuma akifukia kwa mguu, na kila mara akinikanyaga kisigino. Nilipofika mwisho wa mstari wa nne jasho lilikuwa limenilowesha shati. Nikasimama kwenye mpaka wa shamba lake. Desturi ni kwamba mkubwa akimaliza husimama pale, akamgeukia anayemfuata, akamwambia aingie.

Niligeuka. Mama alikuwa ananitazama, mikono magotini, anangoja kama anavyongoja kila mwaka.

"Haya, owadwa," nikasema, ndugu yangu, kwa sauti ya kutosha kufika mpaka nyumba yenye kufuli. "Ingia upande."

Mama aliendelea kungoja kwa muda. Halafu akainua kigoda chake akarudi ndani.